Kabla ya Kusema "Wareno Waliandika"

Mchoro wa Kilwa unaosambazwa mitandaoni kila inapotajwa historia ya pwani, ule wenye majengo yaliyosongamana na minara ikipanda juu ya maji, ulichapishwa Cologne, Ujerumani, mwaka 1572. Umo katika juzuu ya kwanza ya kitabu cha miji ya dunia cha Georg Braun na Frans Hogenberg, ukurasa mmoja na Aden, Mombasa na Sofala. Wawili hao hawakuwahi kukanyaga pwani hii, na Kilwa waliyowauzia wasomaji wao ilikuwa imevamiwa na kuporwa na kikosi cha Kireno cha Francisco de Almeida Julai 1505, miaka 67 kabla. Pale mchongaji asipojua, alijaza kile alichokizoea, yaani mji wa Ulaya.

Sasa weka kando ya mchoro huo maelezo ya Duarte Barbosa, karani wa Kireno katika ghala la biashara la Cannanore, pwani ya Malabar, aliyekamilisha kazi yake karibu mwaka 1516. Barbosa anasema nyumba za Kilwa ni za mawe na chokaa, zina madirisha mengi, zimepangwa vizuri kwa mitaa, mapaa yake mengi ni bapa, na milango ni ya mbao iliyonakshiwa kwa useremala wa hali ya juu. Magofu yanamuunga mkono. Nyumba za mawe za pwani zilifunikwa kwa boriti za mikoko zilizolazwa kutoka ukuta hadi ukuta, juu yake vipande vya matumbawe na chokaa. Boriti ya mkoko haivuki nafasi pana kuliko mita 3 hivi bila kupinda, ndiyo maana vyumba vya Kilwa, Gede na Lamu ni vyembamba na virefu. Kwa jengo la namna hiyo, paa bapa si mapambo bali ni sharti la ujenzi. Karani aliliona hilo na mchongaji hakuliona. Hata hivyo mchoro ndio unaopata maelfu ya wasomaji leo, na maneno ya karani hayanukuliwi.

Hoja ninayotaka kuitetea ni kwamba "Wareno waliandika" si chanzo cha habari. Maandishi ya karne ya 16 kuhusu pwani yetu yalipita mikononi mwa watu wa kazi mbalimbali: baharia, karani wa meli, wakala wa biashara, mtawa, mwandishi wa tarikhi aliyekaa Lisbon, mkusanyaji wa Venice, mchapishaji wa Cologne au London. Kazi ya mwandishi ndiyo inayotuambia ni jambo gani tumwamini na lipi tuliweke pembeni. Na makosa makubwa zaidi, kwa sehemu kubwa, hayakufanyika ufukweni. Yalifanyika maandishi yalipokuwa yakihama meza moja kwenda nyingine.

Tuanze na maandishi ya zamani kuliko mengine. Safari ya kwanza ya Vasco da Gama, iliyoondoka Lisbon 8 Julai 1497, ina shajara moja tu ya mtu aliyekuwemo melini. Haina jina la mwandishi. Wataalamu wengi huitaja kwa jina la Álvaro Velho, lakini hayo ni makisio. Inakatika ghafla meli zikiwa bado njiani kurudi, karibu na pwani ya Guinea. Ilikaa kama muswada kwenye maktaba ya watawa Coimbra, kisha Porto, ikapigwa chapa kwa mara ya kwanza mwaka 1838. Maana yake ni kwamba wasomaji wa Ulaya wa karne ya 16 hawakuisoma. Walichosoma ni vitabu vya watu waliokuja baadaye.

Mwandishi wa shajara hii ana jicho la baharia. Kisiwani Msumbiji, Machi 1498, anaandika kwamba vyombo vya wenyeji havina misumari, mbao zake zimeshonwa kwa kamba, matanga ni ya mikeka ya mitende, na mabaharia wake wana dira, vipimo vya pembe za nyota na ramani za bahari. Hakuwa na faida yoyote kuyasema hayo. Kama angetaka kuwadharau wenyeji, orodha ya vyombo vya urambazaji ndiyo kitu cha kwanza ambacho angekiacha. Malindi anaona baragumu mbili za pembe za ndovu, zenye nakshi, urefu wake kama mtu, zinazopulizwa kwa tundu lililo ubavuni. Hizo ni siwa, na siwa ya pembe ya Pate hupulizwa vivyo hivyo. Nyumba za Malindi, anasema, ni ndefu, zimepakwa chokaa nyeupe, zina madirisha mengi, na mji wenyewe unafanana na Alcochete.

Alcochete ni mji mdogo ulioko ng'ambo ya mto Tagus, ukitazamana na Lisbon. Mlinganisho kama huo una matumizi yake, ila lazima usomwe ulivyo. Unatuambia kwamba msomaji wa Lisbon angeutambua mwonekano ule: nyumba nyeupe zilizojipanga ufukweni. Hautuambii idadi ya watu wala ukubwa wa mji kwa hatua.

Msomaji makini atajifunza zaidi kutokana na habari za wagonjwa. Januari 1498, kwenye mto walioupa jina la Dalili Njema, katika nchi ambayo leo ni Msumbiji, shajara inaeleza mabaharia wengi kuvimba mikono na miguu, na ufizi kukua hadi kufunika meno wasiweze kula. Hicho ni kiseyeye, ugonjwa wa kukosa vitamini C, na maelezo yake ni sahihi. Tarehe 7 Aprili meli zinafika Mombasa. Mtawala anawapelekea kondoo, pamoja na machungwa, ndimu na miwa kwa wingi. Muda mfupi baadaye mwandishi anasema wagonjwa wote wamepona, kwa rehema za Mungu na kwa sababu hali ya hewa ya mji ule ni nzuri. Dalili kazieleza, chakula kakitaja, matokeo kayataja. Sababu ndiyo iliyomponyoka. Waandishi hawa wako hivyo karibu kila mahali: ushahidi wao ni mzuri na maelezo yao ya sababu ni mabaya. Anayewanukuu inampasa kuvitenga viwili hivyo.

Jambo la pili lililompotosha ni kile alichokuwa akikitafuta. Da Gama alitumwa kutafuta viungo na Wakristo, kwa hiyo Wakristo walionekana kila kona. Mombasa, watu wawili waliopelekwa mjini walioneshwa wafanyabiashara waliodhaniwa kuwa Wakristo, wakiabudu picha kwenye karatasi. Malindi, Wahindi waliopanda meli na kusujudu mbele ya picha ya Bikira Maria wakahesabiwa kuwa Wakristo pia. Calicut, hekalu la Kihindu likaitwa kanisa, na mwandishi anaeleza bila wasiwasi kwamba watakatifu waliochorwa ukutani walikuwa na meno yaliyotokeza nje na mikono minne au mitano. Jicho lilifanya kazi yake likaihesabu mikono. Kichwa kilikuwa na jibu tangu Lisbon. Kwa hiyo andiko la aina hii linaposema "niliona mikono minne", chukua. Linaposema "walikuwa Wakristo", uliza kwanza nani alimtafsiria na alitumwa kutafuta nini.

Shajara hiyo hiyo haifichi ukatili. Wakiwa Mombasa, nahodha mkuu aliwahoji mateka wawili kwa kuwadondoshea mafuta yanayochemka mwilini ili wakiri kama kuna njama. Mwandishi analisema hilo kwa sentensi tulivu, kama anayeandika hali ya upepo. Vitabu vya fahari ya taifa vilivyofuata vinamsifia nahodha, na tukio kama hilo huwa dogo au hupotea. Hapo pia kuna kanuni ya kazi: mtu asiyeona aibu kwa jambo hulieleza waziwazi, na kukiri kwa namna hiyo kuna uzito kuliko sifa kumi.

Safari ya Almeida ya 1505 ilikuwa kitu kingine. Almeida alipewa na mfalme hati ndefu ya maelekezo, iliyotaja wapi ajenge ngome, nani amkamate, nini achukue. Karani wa msafara wa namna hiyo hakuandika kumfurahisha msomaji. Alijibu maswali ya mwajiri: bandari ikoje, maji yanatoka wapi, watu wangapi, silaha gani, fedha gani, bidhaa gani. Kwenye São Rafael, meli ya Fernão Soares (si ile ya da Gama, ambayo ilichomwa Januari 1499 kusini ya Tanga kwa kukosa mabaharia wa kuiendesha), alikuwemo Mjerumani aitwaye Hans Mayr. Maelezo yanayohusishwa na jina lake yamehifadhiwa katika mkusanyiko wa Valentim Fernandes, mpiga chapa mwenye asili ya Moravia aliyefanya kazi Lisbon na kuwapelekea habari wafanyabiashara na wasomi wa Augsburg. Muswada uko Munich.

Nayahesabu kurasa hizi chache kuwa miongoni mwa kurasa zenye thamani kubwa kuhusu pwani yetu. Kilwa, tunaambiwa, ina watu 4,000. Mizinga ya nyuki inaning'inia mitini, imezibwa kwa vifuniko vya majani ya mtende vyenye matundu ya kupitia nyuki. Bustani zinamwagiliwa kwa maji ya visima. Watu wa tabaka la juu hushika tasbihi. Watumwa weusi wanaofanya kazi mashambani ni wengi kuliko waungwana, na karani anataja hilo kama sehemu ya hesabu ya mali. Misikiti mingi ina kuba, na mmoja unafanana na ule wa Córdoba, Hispania.

Tupime. Msikiti Mkuu wa Kilwa ungali umesimama, na sehemu yake iliyoongezwa ina safu za nguzo zinazobeba matao, kuba na dari za mviringo. Msikiti wa Córdoba una nguzo zaidi ya 850. Wa Kilwa haufiki hata sehemu ndogo ya hizo. Mlinganisho basi ni wa mwonekano wa ndani, msitu wa nguzo na matao, na hapo karani yuko sahihi. Mwandishi wa leo anayeandika "Wareno walisema Kilwa ilikuwa na msikiti mkubwa kama wa Córdoba" ameongeza neno "mkubwa" kutoka mfukoni mwake.

Idadi ya watu 4,000 ni makisio ya jicho. Kikosi kilikaa Kilwa majuma mawili hivi, nao wakazi wengi walikimbia kabla au wakati wa uvamizi. Tuseme ni mji wa maelfu machache. Kuitumia namba hiyo kukokotoa idadi ya watu kwa ekari ni kuidai kitu isichokuwa nacho.

Namba za fedha ni habari nyingine, kwa sababu hapo karani alikuwa kwenye fani yake. Anaandika kwamba sarafu za shaba za Kilwa nne ni sawa na real moja (wingi wake reais), fedha ya Ureno, na kwamba hawana sarafu ya dhahabu bali uzito wa mithkali, ambao Ureno ungekuwa na thamani ya reais 460. Hesabu hii inaweza kukaguliwa. Sarafu ya dhahabu ya Ureno ya wakati ule, cruzado, ilikuwa na uzito wa karibu gramu 3.5 na thamani ya reais 390. Gramu moja basi ni reais 111 hivi, na reais 460 zinatupa dhahabu ya gramu 4 na ushei. Huo ndio uzito wa mithkali uliojulikana katika biashara ya nchi za Kiislamu. Karani hakuwa akibahatisha. Ningependa kila mwanafunzi wa historia afundishwe kufanya hesabu ya namna hii kabla hajafundishwa kupamba insha kwa nukuu.

Kurasa hizo hizo zina sauti ya upande wa pili. Mombasa ilishambuliwa katikati ya Agosti 1505, ikachomwa na kuporwa. Maelezo yanafungwa na barua ya mtawala wa Mombasa kwenda kwa mwenzake wa Malindi, inayosema kwamba bwana mkubwa amepita akiuteketeza mji, hakumwacha mwanamume wala mwanamke, mzee wala mtoto mchanga, hata ndege wa angani waliuawa, na harufu ya maiti ni kali kiasi kwamba yeye mwenyewe hathubutu kuingia. Malindi ilikuwa mshirika wa Wareno, kwa hiyo si vigumu kukisia barua ilivyofika mikononi mwao. Tunayo kwa tafsiri tu, na huenda imepunguzwa au kutiwa chumvi. Lakini kuna sababu nzuri ya kuipa uzito: haiwapambi Wareno wala haiwapi hoja yoyote ya kisheria. Imehifadhiwa na upande uliotenda.

Barbosa ninamweka karibu na Mayr, kwa tofauti moja: alikaa India miaka mingi, alijua Kimalayalam, na habari nyingi za pwani yetu alizipata kwa wafanyabiashara waliokuwa wakizunguka. Ndiyo maana yuko imara zaidi anapoeleza bidhaa. Anataja vyombo vidogo vilivyotoka Kilwa, Mombasa na Malindi kwenda Sofala na vitambaa vya pamba, hariri na shanga za Cambay, bandari ya Gujarat huko India, kubadilishana na dhahabu. Kisha anatoa habari ambayo ni mfanyabiashara wa nguo pekee angejali kuiandika: watu wa Sofala walikuwa wakifuma pamba yao nyeupe, na kwa kuwa hawakuwa na rangi ya kutia, walinunua vitambaa vya buluu vya Cambay, wakavifumua, na nyuzi zake wakazichanganya na za kwao kufuma nguo mpya. Sentensi hiyo moja ina soko zima ndani yake. Inaonesha ufumaji wa ndani, upungufu wa malighafi moja, na suluhisho lililobuniwa na wafumaji wenyewe. Inavunja dhana kwamba pwani ilipokea tu nguo za kigeni. Anapoingia bara kuelekea kwa Mwenemutapa, mfalme wa nchi ya dhahabu, ushahidi wake unalegea, maana hapo anasimulia aliyoyasikia kwa watu waliosikia kwa wengine.

Shida ni njia ambayo kitabu chake kilipitia. Taji la Ureno halikuwa na haja ya kuwapa washindani wake bei na njia za biashara. Barbosa akachapishwa kwanza kwa Kiitaliano, mwaka 1550, katika mkusanyiko wa Giovanni Battista Ramusio wa Venice, mji ambao ndio ulikuwa ukipoteza soko la pilipili kwa Wareno. Toleo la Kireno lilisubiri hadi 1813. Matoleo hayo hayalingani kila mahali. Yapo maneno yaliyomo katika moja na hayamo katika jingine. Kwa hiyo anayemnukuu Barbosa bila kutaja toleo anatupa nukuu tusiyoweza kuikagua.

João de Barros ni mtu wa aina nyingine kabisa. Tangu 1533 hadi 1567 alikuwa wakala mkuu wa Casa da Índia, ofisi iliyosimamia biashara ya mashariki kutoka Lisbon. Hakufika Afrika Mashariki wala India. Faida yake ilikuwa kwamba karatasi zote zilipita kwake, na juzuu ya kwanza ya tarikhi yake, ya 1552, ina kitu ambacho hakuna baharia angekiandika: muhtasari wa tarikhi ya wafalme wa Kilwa, uliotokana na andiko la wenyeji. Sisi tuna bahati ya kuwa na kipimo cha kumlinganisha nacho. Toleo la Kiarabu la tarikhi ya Kilwa lilibaki Zanzibar, nakala yake ikatoka kwa Sultani Barghash kwenda kwa John Kirk, balozi mdogo wa Uingereza, na Arthur Strong akalichapisha mwaka 1895.

Ukiyasoma mawili hayo pamoja utaona kwamba yote yanamtoa mwanzilishi Shiraz, lakini hayakubaliani kwa nini aliondoka. Kwa Barros, Ali alidharauliwa na ndugu zake kwa kuwa mama yake alikuwa mtumwa wa Kihabeshi. Toleo la Kiarabu lina ndoto ya panya mwenye mdomo wa chuma akiguguna ukuta wa mji, ikawa ishara ya maangamizi yajayo, na meli saba zikaondoka. Orodha za wafalme nazo zinapishana. Wapo wanaochukua sentensi moja huku na nyingine kule, wakaunganisha hadithi moja iliyonyooka. Huo ni ushonaji. Njia ya haki ni kukiri kwamba kulikuwa na zaidi ya simulizi moja Kilwa yenyewe, kila moja ikiwa na wenye faida nayo, na kwamba Barros alipata mojawapo. Tarehe za kuanza nasaba haziamuliwi na karatasi peke yake. Neville Chittick, aliyechimba Kilwa miaka ya 1960, aliisogeza nasaba ya Kishirazi hadi mwishoni mwa karne ya 12. Hazina ya sarafu iliyofukuliwa Mtambwe Mkuu, Pemba, mwaka 1984 ikarudisha sarafu za Ali bin al-Hasan, anayedhaniwa kuwa mwanzilishi huyo, hadi karne ya 11.

Kadiri mwandishi anavyokuwa mbali na tukio ndivyo hadithi inavyokuwa nzuri zaidi, na hapo ndipo pa kuongeza tahadhari. João dos Santos, mtawa wa Kidominika, aliishi Sofala, bonde la Zambezi na visiwa vya Kirimba kuanzia 1586, na kitabu chake kilichapishwa Évora mwaka 1609. Kuhusu Sofala ni shahidi wa kutumainiwa. Kuhusu Wazimba, wapiganaji anaosema waliivamia Kilwa wakaua na kula watu 3,000, kisha wakafika Mombasa mwaka 1589, hakuwepo. Simulizi yake ina msaliti anayewaonesha maadui mahali pa kuvuka maji yakipwa, kisha analipwa kwa kutupwa baharini pamoja na jamaa zake. Muundo huo ni wa hadithi ya mafundisho, na kwa mtawa ulikuwa mkononi tayari. Kwamba Mombasa ilivamiwa, kwamba Tomé de Sousa Coutinho alikuwepo na meli kutoka Goa kumfukuza Mir Ali Bey, nahodha wa Kituruki, na kwamba Wasegeju waliwashinda wavamizi Malindi, hayo yana msingi. Hesabu ya walioliwa haina shahidi.

Tuhuma ya kula watu ina mfano wa karibu sana unaopaswa kusomwa pamoja na huo. Mwishoni mwa 1591 meli ya Kiingereza Edward Bonaventure, chini ya James Lancaster, ilitia nanga Zanzibar ikakaa hadi Februari 1592. Maelezo yaliandikwa na msaidizi wake Edmund Barker na yakachapishwa na Richard Hakluyt, mkusanyaji wa habari za safari wa Uingereza. Barker anasema Wareno waliwaambia wenyeji kwamba Waingereza ni watu wakatili na walaji wa watu, wasithubutu kuwakaribia. Tuhuma ile ile, pwani ile ile, ndani ya miaka mitatu, safari hii Mzungu akimtuhumu Mzungu mwenzake kwa ajili ya soko. Ushahidi huu peke yake haumsafishi Mzimba. Unaonesha kwamba tuhuma hiyo ilikuwa silaha ya kawaida, iliyotumika pale mtu alipotaka kuwatisha wengine wasifanye biashara na adui yake. Barker anasimulia pia kwamba walikamata chombo kilichokuwa na sharifu, na mtawala akatoa chakula cha miezi miwili ili aachiliwe. Yeye anaiita hali hiyo ukarimu. Msomaji wa pwani ataliita jambo hilo kwa jina lake: fidia ya mateka.

Kuna mambo machache ya kiufundi yanayowaangusha hata waandishi wazuri. Kabla ya Oktoba 1582 tarehe zote ni za kalenda ya Julius, iliyotangulia hii tunayoitumia leo. Safari ya da Gama ya 1498 inahitaji kuongezwa siku 9 ili ilingane na majira tunayoyajua. Miaka ya 1500 hadi 1582 siku 10. Baada ya hapo Wareno walibadilisha kalenda, Waingereza hawakubadilisha hadi 1752, kwa hiyo tarehe za dos Santos na za Barker zinapishana siku 10 hata zikizungumzia juma moja. Jambo hili ni la lazima unapozungumzia pepo. Meli ziliondoka Malindi 24 Aprili 1498, yaani 3 Mei kwa kalenda yetu, kusi ikianza, zikaona India baada ya siku 23. Kurudi, ziliondoka kisiwa cha Anjediva, pwani ya India, mwanzoni mwa Oktoba, kaskazi ikiwa bado haijatulia, zikachukua karibu miezi mitatu, watu 30 wakafa kwa kiseyeye. Mwenyeji yeyote wa majahazi angewaambia wasubiri.

Masafa ni jambo jingine. Légua ya Kireno ilikuwa kilomita 6 na kidogo, lakini melini ilikadiriwa kwa jicho na mwendo. Latitudo walizipima vizuri, longitudo hawakuwa na njia ya kuzipima. Ukiona ramani ya wakati ule imeipatia pwani kaskazini na kusini lakini imeisogeza mashariki au magharibi, usidhani ni uzembe. Jihadhari pia na matoleo yaliyofupishwa: Samuel Purchas, mkusanyaji mwingine wa habari za safari, London, 1625, alimchapisha dos Santos kwa vipande, na wengi waliomnukuu kwa Kiingereza walinukuu makato ya Purchas.

Ukitaka kupima kitabu chochote cha historia ya pwani kwa haraka, fungua pale panapoelezwa rubani wa Malindi. Kama kinasema moja kwa moja kwamba Ahmad ibn Majid, rubani mashuhuri wa Kiarabu na mwandishi wa vitabu vya urambazaji, ndiye aliyempeleka da Gama India, mwandishi hakurudi kwenye vyanzo. Shajara ya melini inasema rubani alikuwa Mkristo, na tumeona Wakristo wa shajara hiyo walivyokuwa. Barros, zaidi ya nusu karne baadaye, anasema alikuwa Mwislamu wa Gujarat, anampa jina la Malemo Caná, ambalo kwa masikio ya baharia wa pwani ni cheo cha mwalimu wa chombo, na anaongeza kwamba mtu huyo hakushangazwa na vipimo vya Wareno kwa kuwa alizoea vya kwao. Jina la ibn Majid linatokana na Qutb al-Din al-Nahrawali, aliyeandika Makka katika nusu ya pili ya karne ya 16, na likaenezwa Ulaya na mtaalamu wa Kifaransa Gabriel Ferrand katika karne ya 20. G. R. Tibbetts, aliyezitafsiri na kuzichambua kazi za ibn Majid, alilikataa. Sentensi inayoweza kuandikwa bila hofu ni fupi: mtawala wa Malindi alimpa da Gama rubani aliyeijua njia ya kusi, na meli zikafika karibu na Calicut tarehe 20 Mei 1498.